Joho la walinda taa wa Ukunguni: uganga ndani ya mfumo wa nyuzi

Katika mavazi yote ya vyama vya ufundi vya mji wa Ukunguni, joho la walinda taa ndilo ninaloliona kuwa limefikiriwa vyema zaidi, na nasema hivyo nikiwa nimelivaa kazini msimu mzima wa ukungu, juu ya madaraja na katika vichochoro vya mifereji. Mwanachama hulipokea anapohitimu uanagenzi, kwa vipande 30 vya fedha ambavyo chama hukata kidogo kidogo katika ujira wake. Bei hiyo si ndogo, lakini ukiijua kazi iliyomo utakubali kwamba ni ya haki.

Nianze na kitambaa, kwa sababu uganga wote umo humo. Mtande, yaani nyuzi za urefu, ni wa kitani, na mshindio, yaani nyuzi za mapana, ni wa sufu, na uchaguzi huo una maana yake: kitani huzidi kuwa imara kinapolowa, na sufu huendelea kumhifadhia mtu joto hata ikiwa na unyevu, jambo ambalo pamba haiwezi. Rangi ni ya nili. Uzi wa nili ukitolewa katika pipa la rangi huwa na rangi ya kijani iliyochanganyika na manjano, kisha hugeuka buluu mbele ya macho yako kadiri unavyopigwa na hewa, na wafumi wa chama hulisoma neno la kwanza la kiapo cha atakayelivaa katika muda huo mfupi, kabla buluu haijakamilika. Baada ya kila nyuzi 40 za mshindio hupitishwa uzi mmoja uliolowekwa katika majivu ya tambi za taa kuukuu, na kila unapopita mfumi hutamka neno jingine. Ukiligeuza pindo na kulisogeza karibu na uso, utaziona nyuzi hizo za kijivu zikipita pande zote mbili za kitambaa, nyembamba kama unywele, na zikipata joto la pumzi yako huanza kutoa mwanga hafifu wa rangi ya asali. Hapo ndipo joho la kweli linapotofautiana na yale ya kuigiza yanayouzwa sokoni, ambayo alama zake zimetariziwa juu juu tu. Upande wa ndani utakuta mafundo na ncha zinazoning'inia, na tarizi ikifumuka uganga nao umekwisha.

Kazini joho hili hutimiza ahadi yake. Ukungu hurudi nyuma hatua kadhaa pande zote za mvaaji, na taa ya chama huwaka yenyewe mkono wa joho unapopita juu ya kioo chake, mradi utambi uwe mkavu na mafuta yawemo. Hilo la mafuta lafaa kukaririwa, maana wapo wanagenzi wanaodhani kwamba joho huumba moto. Haliumbi kitu, huchukua joto la mwili wa aliyelivaa na kulipeleka kwenye utambi. Taa moja hutaisikia. Ukiwasha taa za daraja zima mfululizo, vidole huanza kufa ganzi, kisha baridi hupanda mpaka mabegani, na hapo ndipo ubora wa bitana, kile kitambaa cha upande wa ndani, unapopimwa.

Bitana hiyo ndiyo inayonitia uchungu. Majoho ya zamani yalitiwa sufu nzito iliyokandwa katika maji ya moto hadi nyuzi zake zikashikamana, lakini haya mapya hutiwa hariri nyembamba. Sikatai kwamba inateleza vizuri juu ya kanzu na kwamba inapendeza joho linapofunguka, ila mtu anayetoa joto lake usiku kucha kwa ajili ya wapita njia hastahili kupewa urembo mahali pa kinga. Nimevaa aina zote mbili katika njia ileile. Kwa sufu nilimaliza zamu mikono ikiwa bado na nguvu. Kwa hariri nililazimika kuketi kwenye kibanda cha mlinzi wa lango mpaka vidole viweze tena kushika vishikizo.

Kofia ni pana na haizibi masikio, na mifuko inatosha.

Lililo zito zaidi ni amri ya chama kwamba joho likipasuka lisiguswe na yeyote ila mafundi wa makao makuu. Vazi ambalo uganga wake umo ndani ya mfumo wa nyuzi linaweza kutengenezwa, na huo ndio uzuri wake mkubwa. Nilimtazama mshonaji mzee wa matanga, asiye mwanachama, akiurudisha uzi wa majivu kwa sindano, juu na chini, nyuzi kwa nyuzi, kwenye kiwiko kilichochanika upana wa kiganja, huku mwenye joho akitamka maneno ya kiapo chake mwenyewe. Usiku ule taa ziliuitika mkono huo sawasawa na mwingine. Chama husema kwamba tundu lililozibwa vibaya huvuja joto, na hofu hiyo ina msingi, kwani kiraka kilichobandikwa juu huvuja kweli. Basi wanachama wafundishwe kushona, badala ya kuachwa wasubiri majuma mengi huku wakizunguka na majoho ya kuazima ambayo yaliapishwa kwa jina la mtu mwingine na hayawashi hata taa moja.

Kuhusu kufua, tumia maji baridi na uanike kivulini. Maji ya moto huikunja sufu ilhali kitani hakifuati, kwa hiyo kitambaa hujikunyata na nyuzi za majivu hukatika ndani kwa ndani, mahali ambapo hata sindano ya mshonaji yule haiwezi kuzifikia. Anayekaribia kuhitimu aombe bitana ya sufu kabla kitambaa hakijakatwa, kwa kuwa mafundi bado huikubali kwa anayewahi kusema, na aombe pia apewe masalio ya uzi wa majivu wa joho lake, kwani uzi wa joho jingine hautamfaa siku litakapochanika.