Sony 70-200 GM II: lenzi ya kumfuata mkimbiaji

Kwa kazi ya filamu za makala za riadha, hii ndiyo lenzi ninayoifunga kwenye kamera kabla ya nyingine yoyote. Naipima kwa Iten, Kenya, mita 2,400 hivi juu ya usawa wa bahari, Alhamisi ya fatleki, mazoezi ya kukimbia kwa kasi kisha polepole kwa zamu: kundi kubwa la wakimbiaji linateremka barabara ya udongo mwekundu, nami niko nyuma ya pikipiki nikiwatazama, mgongo wangu umeegemea wa dereva.

Pale hakuna kurudia. Mkimbiaji hasimami kwa sababu fokasi imekuponyoka, wala huna haki ya kumwomba asimame. Yuko mazoezini, anatafuta riziki. Ndiyo maana napenda mm 200, mwisho wa zumu ya lenzi hii, unaovuta vya mbali karibu. Pikipiki inakaa mbali, vumbi na moshi wake haviwasumbui, na bado naliona jasho kwenye nyusi, naliona bega likianza kupanda kabla mwenyewe hajakubali kwamba amechoka. Makala nzima inaweza kusimama juu ya bega hilo.

Toleo la kwanza lilikuwa na gramu 1,480. Hili la mwaka 2021 lina 1,045 bila kishikio cha tripodi. Dukani utaona tofauti ni ndogo. Ishike mikononi saa nzima kwenye hewa ile nyepesi ndipo uniambie.

Ukivuta zumu lenzi hairefuki, vioo vinasogea humo humo ndani. Kwa hiyo hulazimiki kusawazisha upya gimbali, kifaa kinachoishika kamera isiyumbe, na hakuna mrija wa kuingia na kutoka ukibeba vumbi. Fokasi ikihama kutoka kwa anayeongoza kwenda kwa anayemfukuzia, picha haionekani kupanuka wala kubana, jambo ambalo lenzi nyingi za picha mnato hazikuwahi kulijali. Pete ya upenyo, ile ya kuongeza na kupunguza mwanga unaoingia, nayo ina swichi ya kuifanya izunguke kimya na laini, hivyo jua likitoka ghafla mawinguni unapunguza mwanga polepole bila picha kuruka.

Kitulizi kilichomo ndani ni cha mtetemo wa mikono, si cha mashimo. Barabara mbovu inataka gimbali, na zaidi ya gimbali inataka dereva anayeijua kona kwa kona. Mlipe vizuri huyo. Tena usiitegemee ndani ya nyumba: jikoni kambini, chai ikichemka na watu wakisimuliana mbio za jana, hata mm 70, upana wote ilio nao, inabana mno. Beba lenzi ya mm 24-70, inayoona eneo pana zaidi.

Bei ilipozinduliwa ilikuwa karibu dola 2,800. Mwenye kazi moja kwa mwaka na akodishe. Anayeshinda barabarani na wakimbiaji anunue, hata iliyotumika, ila kabla ya kutoa pesa amulike tochi ndani atafute ukungu wa kuvu kwenye vioo, kisha azungushe kila pete akisikiliza kama kuna mchanga.