Mkopo wa nyumba wa miaka 20 kwa riba ya 16%: tumeukagua hadi rejesho la mwisho

Benki nyingi za Tanzania sasa zina mkopo wa kununua nyumba wa muda mrefu, mara nyingi miaka 15 hadi 20, na baadhi hufika 25. Riba kwa kawaida huwa kati ya 13% na 19% kwa mwaka. Bidhaa hii imepata nguvu tangu ilipoanzishwa TMRC mwaka 2010, kampuni inayozipa benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kumkopesha mnunuzi kwa miaka mingi. Tangazo hukuonyesha vitu viwili: riba, na rejesho la mwezi. Hakuna kati ya hivyo kinachokuambia nyumba itakugharimu shilingi ngapi.

Tumepima mkopo mmoja wa kawaida. Nyumba ni ya Sh125 milioni, mnunuzi anatoa Sh25 milioni mfukoni, benki inakopesha Sh100 milioni kwa riba ya 16%, miezi 240, marejesho sawa kila mwezi, na riba inatozwa kwenye salio lililobaki. Hatutaji benki, kwa sababu hesabu ni ileile bila kujali nembo iliyo juu ya barua ya ofa. Ukitaka kuihakiki, fungua Excel uandike =PMT(16%/12,240,-100000000).

Jibu ni Sh1,391,256 kwa mwezi. Kwa miezi 240 unakuwa umelipa Sh333.9 milioni. Riba peke yake ni Sh233.9 milioni, yaani zaidi ya mara mbili ya ulichokopa.

Kinachowashtua wengi zaidi ya jumla hiyo ni mwendo wa salio. Rejesho la kwanza la Sh1,391,256 linagawanyika hivi: riba Sh1,333,333, deni lenyewe Sh57,923. Mwaka wa kwanza unalipa karibu Sh16.7 milioni na deni linapungua kwa takribani Sh748,000 tu. Baada ya miaka mitano umeshatoa Sh83.5 milioni, na bado unadaiwa Sh94.7 milioni. Miaka kumi ikiisha, salio ni kama Sh83 milioni. Nusu ya deni unaifikia kwenye rejesho la 191, yaani ukikaribia kumaliza mwaka wa 16. Hapa benki haijakudanganya wala haijakuonea. Kila mwezi riba hutozwa kwanza kwenye salio, na salio likiwa kubwa linakula karibu rejesho zima. Ila anayepanga kuuza nyumba mwaka wa tano kwa kuhamishwa kikazi ajue kwamba atakuwa hajamiliki zaidi ya amana yake ya Sh25 milioni, Sh5.3 milioni za deni alizopunguza, na bei itakayokuwa imepanda, kama imepanda.

Kwa hiyo swali la kwanza tunalomshauri mnunuzi ampelekee ofisa mikopo ni la muda, kabla hata ya kubishana kuhusu riba. Mkopo huohuo kwa miaka 25 una rejesho la Sh1,358,889. Umepunguziwa Sh32,367 kwa mwezi, na jumla imepanda hadi Sh407.7 milioni. Yaani unaongeza karibu Sh74 milioni kwa unafuu usiofika Sh33,000 kwa mwezi. Kwa riba ya Tanzania, kuvuka miaka 20 hakuna maana na hatuupendekezi kwa yeyote. Ukirudi nyuma hadi miaka 15, rejesho linakuwa Sh1,468,701, nyongeza ya Sh77,445, na jumla inashuka hadi Sh264.4 milioni. Unaokoa Sh69.5 milioni. Miaka 10 inahitaji Sh1,675,131 kwa mwezi na riba yote ni Sh101 milioni. Kwa mwenye kipato kinachoruhusu, huo ndio mkopo bora kwenye rafu.

Kipato chenyewe kina mpaka. Mtumishi wa umma anatakiwa abakiwe na angalau theluthi moja ya mshahara wake wa msingi baada ya makato. Rejesho la Sh1,391,256 likiwa ndilo kato pekee, mshahara ungetakiwa uwe karibu Sh2.09 milioni, na hapo bado hujatoa kodi ya mshahara (PAYE), mchango wa pensheni (PSSSF) na bima ya afya. Ofisa mikopo akiona hutoshi, suluhisho lake jepesi ni kurefusha muda. Usilikubali haraka. Kupunguza kiasi cha mkopo, au kusubiri mwaka mmoja ukiongeza amana, kunakugharimu pungufu ya hapo.

Sasa barua ya ofa. Tafuta sentensi inayosema riba inaweza kubadilishwa. Mara nyingi ipo, na mara nyingi haisemi itabadilishwa kwa kipimo gani. Tuchukulie riba imepanda kutoka 16% hadi 18% mwisho wa mwaka wa tatu. Salio wakati huo ni Sh97.35 milioni. Riba ya mwezi mmoja kwa 18% ni Sh1,460,188, ambayo imeshapita rejesho lako la zamani. Ukiachwa uendelee kulipa Sh1,391,256, deni litakuwa linakua kila mwezi huku unalipa bila kukosa. Ili umalize kwa muda uleule, rejesho linapaswa kupanda hadi kama Sh1,533,750, nyongeza ya zaidi ya Sh142,000. Mwenye bajeti iliyobana haipati hiyo pesa kwa mwezi mmoja. Omba iandikwe wazi: riba inafuata kipimo gani, inapitiwa kila baada ya muda gani, ukomo wake ni upi, na utapewa taarifa siku ngapi kabla. Usitegemee kwamba Riba ya Benki Kuu ikishuka na yako itashuka. Kiwango hicho kilianza kutumika Januari 2024 kikiwa 5.5%, kikapanda hadi 6% Aprili mwaka huo, na Julai 2025 kikashushwa hadi 5.75%. Kama mkataba wako haujakifunga na riba yako, mabadiliko hayo hayakugusi.

Jihadhari pia na riba inayotajwa kuwa ndogo lakini inakokotolewa kwenye mkopo wote mwanzo hadi mwisho, hata ukiwa umeshalipa nusu. Mkopo wa Sh100 milioni kwa 10% ya namna hiyo, miaka 10, una riba ya Sh100 milioni na rejesho la Sh1,666,667. Linganisha na rejesho la 16% kwenye salio, Sh1,675,131. Ni karibu kitu kilekile. Njia ya kuligundua ni kudai ratiba ya marejesho ya miezi yote kabla ya kusaini. Kama safu ya riba haishuki kadiri miezi inavyokwenda, umeshajua.

Gharama za kuanzia ni nyingi na hulipwa hata kabla hujapewa funguo. Ada ya kuandaa mkopo huwa asilimia fulani ya mkopo; ikiwa 1.5%, ni Sh1.5 milioni, na juu yake VAT ya 18%, inafika Sh1.77 milioni. Kuna mthamini, wakili, kusajili rehani kwa Msajili wa Hati, na ushuru wa stempu wa 1% kwenye uhamisho, ambao kwa nyumba hii ni Sh1.25 milioni. Ukinunua nyumba mpya kwa mwendelezaji, uliza kwa maandishi kama bei uliyotajiwa imeshajumuisha VAT. Kosa tunaloliona kwenye hesabu hizi ni kukubali gharama ziingizwe ndani ya mkopo. Kwa 16% na miaka 20, kila shilingi unayoingiza inarudi kuwa shilingi 3.34. Sh3 milioni za ada zinakuwa Sh10 milioni. Zilipe taslimu.

Hali ni hiyohiyo kwa miezi mitatu ya kupumzika ambayo wengine huipokea kwa furaha. Riba haipumziki. Sh100 milioni zinakuwa Sh104.05 milioni, rejesho linapanda hadi kama Sh1,447,650, na kwa miezi 240 umeongeza Sh13.5 milioni.

Bima ni mbili: ya nyumba, na ya maisha inayolipa deni ukifariki. Zote zina faida na hatushauri kuzikwepa. Angalia tu bima ya maisha inakokotolewa kwenye nini. Kwa kiwango cha mfano cha 0.5% kwa mwaka, ikihesabiwa kwenye mkopo wa awali utalipa Sh10 milioni kwa miaka 20. Ikihesabiwa kwenye salio ni takribani Sh7.3 milioni. Na hakikisha inamgusa mwenza kama mishahara yote miwili ndiyo iliyotumika kupata mkopo.

Tumefika kwenye kipengele kinachoamua kama mkopo huu ni mzuri au mbaya: kulipa kabla ya wakati.

Chukua mkopaji wa miaka 20 aliyepata Sh5 milioni mwisho wa mwaka wa kwanza, labda malipo ya likizo na mauzo ya mpunga, akazipeleka benki kupunguza deni. Benki inaweza kufanya moja kati ya mawili. Ya kwanza ni kushusha rejesho hadi Sh1,321,170 na kuacha muda uleule. Hapo, ukitoa Sh5 milioni alizolipa, atakuwa ameokoa takribani Sh11 milioni hadi mwisho. Ya pili ni kuacha rejesho palepale na kufupisha muda. Mkopo unaisha mwezi wa 189 badala ya 240, na ameokoa karibu Sh67 milioni. Pesa ileile, siku ileile, tofauti ya Sh56 milioni, na inategemea maelekezo ya mstari mmoja. Baadhi ya mifumo ya benki hushusha rejesho yenyewe bila kuuliza. Kwa hiyo andika barua: "Naomba malipo haya yapunguze deni la msingi, rejesho la mwezi libaki lilivyo, na muda wa mkopo ufupishwe." Bakiza nakala yenye mhuri wa kupokelewa, kisha baada ya wiki moja omba ratiba mpya uone tarehe ya rejesho la mwisho imesogea. Pesa ikikaa tu kwenye akaunti ya marejesho ikisubiri kukatwa mwezi ujao, haijapunguza chochote.

Kwa asiye na mkupuo, kuongeza Sh100,000 kila mwezi tangu mwanzo kunamaliza mkopo kwa miezi 170 na kuokoa kama Sh81 milioni. Kabla ya kusaini, soma adhabu ya kulipa mapema. Kama inatozwa kwa kila malipo ya ziada, ijadili iondolewe au ibaki tu pale mkopo unapohamishiwa benki nyingine. Benki isiyokubali malipo ya ziada kabisa, tunashauri uiache hata kama riba yake iko chini kwa nusu asilimia.

Upande wa pili wa mizani nao upo. Sh333.9 milioni zinalipwa kwa miaka 20, na shilingi ya mwaka wa 20 haitakuwa na thamani ya leo. Lakini mfumuko wa bei Tanzania miaka ya karibuni umezunguka kwenye 3% hivi, kwa hiyo riba ya 16% inabaki ghali sana hata ukiutoa. Mshahara ukipanda, rejesho lilelile litakuwa jepesi, na huo ndio wakati wa kuongeza malipo. Faida nyingine ya kweli ni uhakiki: benki haiweki rehani hati ambayo haijaipekua, na hilo linamkinga mnunuzi dhidi ya kiwanja kilichouzwa mara mbili.

Wanaojenga kidogo kidogo, msingi mwaka huu, tofali mwakani, hawalipi riba, ila wanaendelea kulipa kodi ya pango miezi sita sita na bei ya saruji na nondo haiwasubiri. Kama jengo litakamilika ndani ya miaka mitano na kiwanja tayari unacho, kwa hesabu zetu hiyo njia inaushinda mkopo huu wa miaka 20. Kwa anayetaka kukwepa riba kwa imani, murabaha, ambapo benki inanunua nyumba kisha inakuuzia kwa faida mliyokubaliana, ina sifa moja nzuri kwa kila mtu: bei ya mwisho inajulikana siku ya kusaini na haipandi. Iulize tu benki kama ukimaliza mapema sehemu ya faida itapunguzwa, na kwa kanuni gani.

Ukikwama, nenda benki kabla rejesho la pili halijapita. Sheria ya Ardhi inamtaka mkopeshaji atoe notisi ya siku 60 kabla ya kudai deni lote na kuanza kuuza, na rehani ya nyumba ya familia inahitaji ridhaa ya mwenza. Siku 60 ni chache kwa kuuza nyumba mwenyewe kwa bei nzuri, kwa hiyo anza kuzihesabu mapema.

Rejesho la mwisho likishakatwa, rehani bado iko kwenye daftari la Msajili wa Hati hadi ifutwe. Omba barua ya kumaliza deni, hati halisi, na fomu ya kufuta rehani iliyosainiwa na benki, uipeleke isajiliwe, kisha fanya upekuzi mpya wa hati kuthibitisha kwamba jina la benki limetoka.