Nilichopata kwa Jeremy Bailenson kabla chuo hakijanunua miwani ya uhalisia pepe

Nafundisha ufundi umeme. Chuoni kwetu lilipozuka pendekezo la kuwanunulia wanafunzi miwani ya uhalisia pepe, yaani miwani inayomfanya mvaaji ajione yumo ndani ya dunia iliyotengenezwa na kompyuta, nilitafuta mtu wa kunieleza miwani hiyo inafaa wapi na wapi haifai, maana muuzaji husema inafaa kila mahali. Ndipo nikanunua Experience on Demand, kitabu cha mwaka 2018 cha Jeremy Bailenson, profesa wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, aliyeanzisha maabara ya utafiti wa uhalisia pepe chuoni hapo mwaka 2003.

Kilichonifaa zaidi ni kipimo chake. Anasema uutumie uhalisia pepe kwa jambo ambalo likifanywa kweli ni la hatari, au haliwezekani, au lina gharama kubwa mno, au lina madhara. Nje ya hapo, achana nao. Niliupitisha mtaala wetu humo somo kwa somo. Kumwokoa mtu aliyenaswa na umeme, au kufanya kazi juu ya nguzo ya msongo mkubwa: hapo miwani ina kazi. Kufunga soketi na swichi? Mwanafunzi ashike bisibisi na waya wenyewe. Orodha ya mahitaji ilipungua sana, na mkuu wa idara aliielewa mara moja.

Nampenda pia kwa kuwa hoja zake zimesimama juu ya majaribio. Anaeleza jinsi mtafiti Hunter Hoffman alivyowapunguzia maumivu wagonjwa walioungua moto kwa kuwapeleka katika dunia ya theluji huku wakibadilishwa bandeji. Upande wa pili, utafiti ambao Bailenson mwenyewe aliufanya na mwenzake Kathryn Segovia mwaka 2009 ulionyesha kuwa baadhi ya watoto wadogo, baada ya kuogelea na nyangumi ndani ya miwani, baadaye walikumbuka kwamba waliogelea nao kweli. Mimi ni mzazi, na habari hiyo ilinishtua kuliko yote. Wanangu wadogo siwavalishi.

Mjue pia kwamba Bailenson ni mmoja wa waanzilishi wa STRIVR, kampuni inayouza mafunzo ya aina hii, kwa hiyo anapoyasifia mafunzo ya kazini msome kwa makini. Mifano yake mingi ni ya Marekani, kama vile wachezaji wa mpira wa kule na wafanyakazi wa maduka ya Walmart. Nilitamani kusikia habari za mahali ambapo umeme na intaneti hukatika.

Suala la faragha lilistahili kurasa nyingi zaidi. Mwaka 2020 maabara yake ilichapisha utafiti wa watu 511: kwa data ya mwendo wa kichwa na mikono isiyofika dakika 5 kwa kila mtu, kompyuta iliwatambua kwa usahihi wa asilimia 95. Unaweza kuficha jina, lakini namna unavyogeuza shingo inakutaja. Kwa hiyo swali letu la kwanza kwa muuzaji sasa ni hili: data za miili ya wanafunzi wetu zinahifadhiwa wapi, na nani anaruhusiwa kuziona?