Kuchuma chai ya mwajiri kwa ujira au kulima parachichi lako, Mufindi (Iringa)?

Kwa fedha ya haraka, chai inashinda: jani linapimwa leo, kilo zako unazijua. Parachichi la kupandikiza litakuweka miaka kama mitatu kabla ya mavuno ya maana, na mbolea, dawa na palizi vyote ni juu yako.

Kwenye utu wa kazi ndipo pana utata. Papa Leo XIII, mwaka 1891, alitaka ujira umtoshe mfanyakazi, na mwenye kubana matumizi aweze hata kupata mali kidogo. Yohane Paulo II, 1981, akasisitiza kazi ipo kwa ajili ya mtu. Sasa karani wa mizani akikata kilo za "maji" (unyevu wa majani) kwenye kapu bila maelezo, utu uko wapi? Ila anayepalilia shambani kwake kila Jumapili naye kajitumikisha (na hana wa kumlalamikia).

Ada inadaiwa Januari? Chuma. Una ardhi, na mwenzako ana kipato? Panda.