Jumanne sita za sheria za uhamiaji: tathmini ya darasa la jioni la Louisville

Mwaka 2012 niliwasilisha ombi la kumleta Marekani mdogo wangu aliyeko Tanga, nikiwa raia mpya mwenye furaha nyingi na maarifa haba. Zamu yake haijafika hadi leo. Kila nikiulizwa kwa simu kwa nini jambo lenyewe linachukua miaka, nilikuwa nikijibu kwamba kuna foleni, jibu ambalo mtu aliyewahi kupanga foleni ya sukari analielewa upesi, ila halimwambii ni nani aliyeipanga foleni hiyo wala ni kwa nini wengine wamewekwa mbele. Ndiyo maana nilipoona tangazo la darasa la historia ya sheria za uhamiaji za Marekani, katika kituo kimoja cha jamii hapa Louisville, Kentucky, nililipa dola 40 siku hiyohiyo. Kituo sitakitaja, kwa kuwa nina manung'uniko kuhusu kijitabu chao, na nisingependa mwalimu, ambaye anajitolea, abebe lawama isiyo yake.

Darasa ni la Jumanne sita, kuanzia saa kumi na mbili na nusu jioni hadi saa mbili na nusu usiku. Tulikuwa kama watu 20: Wakongo walikuwa wengi, wakafuatiwa na Warundi na Wanyarwanda, Watanzania wanne na Mkenya mmoja. Mwalimu ni mstaafu wa shule ya sekondari anayefundisha kwa Kiingereza, na kijana mmoja wa Bukavu humfasiria kwa Kiswahili kinachoeleweka na kila mtu, kazi ambayo si ndogo katika chumba chenye Kiswahili cha Uvira, cha Kigoma na cha Mombasa kwa wakati mmoja. Mwalimu alitangaza tangu mwanzo kwamba yeye si wakili na kwamba hatajibu swali la kesi ya mtu binafsi. Sharti hilo lilivunjwa ndani ya dakika 20, naye akaendelea kulikumbusha kwa upole kwa wiki zote sita.

Jioni ya kwanza ilikwenda mbio, na sioni ubaya, kwa sababu mengi ya mwanzo yanaelezeka kwa ufupi. Sheria ya mwaka 1790 iliruhusu uraia kwa mtu mweupe aliye huru na aliyekwisha kuishi nchini miaka 2; mwaka 1870 mlango ukafunguliwa kwa wenye asili ya Afrika; mwaka 1882 vibarua wa Kichina wakapigwa marufuku kwa miaka 10, marufuku iliyoongezwa tena na tena hadi ilipofutwa mwaka 1943, na hata hapo wakapewa nafasi 105 tu kwa mwaka. Mwalimu alisimama kidogo kwa Wong Kim Ark, mpishi aliyezaliwa San Francisco na wazazi Wachina, ambaye mwaka 1898 Mahakama ya Juu iliamua kwamba ni raia kwa kuzaliwa. Kisha, kwa bahati mbaya, tukaonyeshwa picha za Ellis Island kwa muda wa dakika 40. Ni picha nzuri, na kisiwa hicho kilipokea watu takriban milioni 12 kati ya mwaka 1892 na 1954, lakini dakika hizo zilikuja kudaiwa baadaye, kama nitakavyoeleza.

Jioni ya pili peke yake inastahili zile dola 40. Mwalimu aligawa nakala ya jedwali la migawo ya wahamiaji lililotolewa kwa sheria ya mwaka 1924, akanyamaza, akatuacha tulisome. Ujerumani ilipewa nafasi 51,227 kwa mwaka, Uingereza pamoja na Ireland ya Kaskazini 34,007, na Italia, ambayo chini ya sheria ya mwaka 1921 ilikuwa na zaidi ya 40,000, ikateremshwa hadi 3,845. Tulipofika chini ya ukurasa, Papa mmoja, yaani mzee, kutoka Uvira aliweka kidole kwenye mstari na kusoma kwa sauti: Ruanda na Urundi, 100. Nami nikaona Tanganyika, 100. Muscat nayo 100, Ethiopia 100. Kenya haikuwa na mstari wake kwa kuwa ilikuwa koloni, na koloni lilihesabiwa ndani ya fungu la mtawala wake. Nimeishi nchi hii miaka mingi na sikujua kwamba jina la Tanganyika liliwahi kuandikwa katika tangazo la rais wa Marekani, likiwa na bei yake pembeni.

Mwalimu alieleza hesabu yenyewe kwa utulivu. Kila nchi ilipewa asilimia 2 ya watu waliozaliwa huko na kuhesabiwa Marekani katika sensa ya mwaka 1890, na sensa hiyo ya zamani ilichaguliwa kwa makusudi, kwa kuwa ilitangulia kuwasili kwa wingi kwa Wataliano, Wayahudi na watu wa Ulaya ya Mashariki. Mia moja ilikuwa kima cha chini. Hata hiyo mia ya China au Japani haikuwa ya Mchina wala Mjapani, kwa sababu asiyeruhusiwa kuwa raia hakuruhusiwa kuhamia. Ilibaki kwa Mzungu aliyezaliwa huko. Tangu mwaka 1929 ikaja kanuni nyingine iliyogawa nafasi kama 150,000 kwa kupima asili ya Wamarekani wote, ila ikaacha nje ya hesabu wazao wa watumwa, hivyo mamilioni ya Wamarekani Weusi hawakuiletea Afrika nafasi hata moja. Mama mmoja aliuliza kama kuna mtu wa Tanganyika aliyewahi kuitumia ile mia. Mwalimu hakuwa na jibu, akasema hivyo waziwazi, na mimi nikazidi kumheshimu.

Hapo ndipo pa kukieleza kijitabu, kwa sababu jioni ya tatu ndipo tulipopewa. Ni kurasa 38 za Kiswahili, na yeyote aliyezitafsiri hakuwa mtu, au kama alikuwa mtu basi alikuwa na haraka. Sheria ya mwaka 1952, ambayo ndiyo msingi wa sheria inayotumika hadi sasa, humwita asiye raia kwa neno la Kiingereza, "alien", ambalo siku hizi pia lina maana ya viumbe wa kwenye filamu za anga, na kijitabu kikachagua maana hiyo ya pili. Ukurasa wa 14 unasema kwamba kiumbe wa sayari nyingine anayetaka kuingia lazima achunguzwe afya. Yule Papa wa Uvira alivua miwani akauliza, "Mwalimu, huyu kiumbe ni mimi?" Tulicheka mpaka mlinzi akachungulia mlangoni.

Makosa mengine hayachekeshi. Sharti la tangu mwaka 1882 kwamba anayeelekea kuwa mzigo kwa serikali asiingie limeandikwa "malipo ya umma", na mama aliyekaa karibu nami alidhani ni ada anayotakiwa kulipa. Kibaya zaidi ni ukurasa wa 29, penye vile vizuizi vya sheria ya mwaka 1996: aliyekaa nchini bila kibali kwa zaidi ya siku 180 kisha akaondoka hufungiwa kurudi kwa miaka 3, na aliyefikisha mwaka mmoja hufungiwa miaka 10. Kwa Kiingereza neno la kizuizi hicho ni sawa na la mahali pa kuuzia pombe, na kijitabu kimeandika "baa ya miaka 10". Mtu anayefikiria kwenda kumzika mama yake Bujumbura akitegemea ukurasa huo atajikuta amefungiwa nje muongo mzima. Nilimweleza mwalimu baada ya kipindi. Alikuwa hajui, kwani hasomi Kiswahili.

Jioni ya nne ilirudisha heshima ya darasa. Tulianza na Rais Truman, aliyeipigia sheria ya mwaka 1952 kura ya turufu kwa sababu ilibakiza migawo ya kale ingawa iliondoa ubaguzi wa rangi katika uraia. Bunge likaipitisha juu ya kichwa chake. Kisha tukafika mwaka 1965. Mbunge Emanuel Celler wa Brooklyn alikuwa mgeni bungeni alipoipinga sheria ya mwaka 1924, na miaka 41 baadaye jina lake, pamoja na la Seneta Philip Hart, ndilo lililokuwa juu ya sheria iliyoiua migawo hiyo. Rais Johnson aliitia saini tarehe 3 Oktoba 1965 chini ya Sanamu ya Uhuru. Hapa nilipata jibu la foleni ya mdogo wangu. Mbunge Michael Feighan alishikilia kwamba familia zitangulizwe kuliko ujuzi wa kazi, na miongoni mwa waliomuunga mkono walikuwepo walioamini kwamba, kwa kuwa raia wengi wakati huo walikuwa wenye asili ya Ulaya, ndugu watakaoletwa watakuwa wa hukohuko. Hesabu yao ilikwenda kombo. Waliokuja kuita ndugu zao kwa wingi walitoka Asia na Amerika ya Kilatini, na polepole sisi nasi tukafuata. Fungu la ndugu wa raia limewekewa viza 65,000 kwa mwaka tangu sheria ya mwaka 1990, na hakuna nchi inayoruhusiwa kupita asilimia 7, huku maombi yakizidi kumiminika. Foleni ya mdogo wangu imepangwa na matumaini ya watu waliodhani hatakuwemo.

Jioni ya tano ilikuwa ya wakimbizi na ya bahati nasibu. Sheria ya wakimbizi ya mwaka 1980 ndiyo iliyowafikisha Louisville zaidi ya nusu ya wanadarasa, wengi wao kupitia kambi ya Nyarugusu, na mwalimu alikuwa na busara ya kunyamaza ili wao wazungumze. Viza ya bahati nasibu, ambayo kila kibanda cha intaneti cha Dar es Salaam na Nairobi kilikuwa kikijaza fomu zake kila Oktoba, ilizaliwa katika sheria ya mwaka 1990, na wabunge walioisukuma walikuwa wakiwawazia zaidi Waayalandi kuliko Waafrika. Dada mmoja wa Mwanza alikumbusha kwamba tarehe 31 Januari 2020 Tanzania na Sudan ziliondolewa katika bahati nasibu hiyo kwa tangazo la rais, na kwamba tangazo lilipofutwa tarehe 20 Januari 2021 mwaka wa viza wa binamu yake ulikuwa umekwisha tangu Septemba. Mwalimu akafungua sheria ya mwaka 1952, ileile ya Truman, akatuonyesha kifungu kinachompa rais uwezo wa kusimamisha kuingia kwa kundi lolote. Tangazo la 2020 lilisimama juu ya kifungu hicho.

Jioni ya sita ndiyo iliyodhulumiwa. Hapa ndipo dakika 40 za Ellis Island zilipohitajika, kwa sababu marekebisho yote ya tangu mwaka 1986 yalibanwa katika saa moja. Sheria ya mwaka huo, iliyoandaliwa na Alan Simpson na Romano Mazzoli, mbunge wa Louisville hii hii, na kutiwa saini na Rais Reagan, iliwapa karatasi watu kama milioni 2.7 na wakati huohuo ikamlazimisha kila mwajiri kukagua vitambulisho; ile fomu ya siku ya kwanza kazini, ambayo sote tumeijaza, imetoka hapo. Neno "marekebisho" limo katika jina la sheria hiyo, na limo pia katika jina la sheria ya mwaka 1996 iliyoleta vizuizi vya miaka 3 na 10. Ningependa tungekaa hapo jioni nzima, maana tangu darasa hilo kila ninapomsikia mgombea akiahidi marekebisho ya uhamiaji nataka kujua anazungumzia ya mwaka upi kati ya hiyo miwili. Badala yake tulipita kwa kasi: muswada wa vijana walioletwa wakiwa watoto, uliowasilishwa mara ya kwanza mwaka 2001 na kukwama katika Seneti mwaka 2010 kwa kura 55 zilizohitaji kuwa 60, hatua ya Rais Obama ya mwaka 2012 ya kuwakinga vijana hao kwa muda, muswada mkubwa wa mwaka 2013 uliopita katika Seneti kwa kura 68 dhidi ya 32 na usipigiwe kura kabisa katika Baraza la Wawakilishi, na ule wa Februari 2024 uliokufa haraka zaidi.

Bado mwalimu alipata dakika chache za kifungu cha usajili, na mimi sikuwahi kukisikia kutoka kwa wakili yeyote. Sheria inamruhusu mtu aliyeishi nchini mfululizo tangu tarehe fulani kuomba ukaazi wa kudumu hata kama aliingia bila kibali. Bunge limeisogeza tarehe hiyo mara kadhaa tangu mwaka 1929, na mara ya mwisho, mwaka 1986, liliiweka tarehe 1 Januari 1972. Wakati ule ilikuwa miaka 14 nyuma. Sasa imepita nusu karne, na mtu anayeweza kuitumia lazima awe mzee. Kubadilisha tarehe moja ni kazi ndogo ya kalamu, na kwa maoni yangu jioni ya sita ingeanzia hapo badala ya kuishia hapo.

Nalipatia darasa hili nyota nne kati ya tano. Anayetaka msaada wa kesi yake asiende, atapoteza muda wake na wa wenzake. Anayetaka kujua karatasi alizonazo zilitoka wapi aende, ila amsikilize kijana wa Bukavu na kijitabu akiache mezani. Mimi nimekirudisha changu kwa mwalimu kikiwa na wino mwekundu kurasa zote 38, naye ameniahidi kwamba awamu ya Septemba itatumia kilichosahihishwa. Maegesho ya magari ni ya bure upande wa nyuma, chai ipo, na watoto wanaruhusiwa.