Uzoefu Wangu na Vihesabu Fremu: Nambari Ndogo Pembeni mwa Skrini

Nilinunua laptopu yangu ya michezo mwezi Desemba, ikiwa imekwisha kutumika, katika duka dogo ambalo sitalitaja, na muuzaji aliniapia kwamba mchezo wa Grand Theft Auto V (GTA V) ndani yake "watiririka kama maji". Ilikuwa na kadi ya grafiki ya GTX 1650 yenye GB 4, prosesa ya Core i5 ya kizazi cha tisa, RAM (kumbukumbu ya muda) ya GB 8 na skrini ya hezi 60, yaani inayobadilisha picha mara 60 kwa sekunde. Si mashine ya kujivunia mbele ya watu, lakini kwa mchezo ulioingia kwenye kompyuta tangu mwaka 2015 haikupasa kulemewa. Na kweli, dakika tano za mwanzo ulitiririka. Baada ya hapo gari nililokuwa naliendesha likaanza kusitasita kama matatu inayowinda abiria, mara limekwama, mara limeruka mbele, mara limekwama tena. Mpwa wangu, kijana wa miaka 14 aliyekuwa ameketi ubavuni akingoja zamu yake, ndiye aliyesema, "Mjomba, si uweke FPS tuone?"

FPS ni idadi ya fremu kwa sekunde, yaani picha ngapi kompyuta inachora katika kila sekunde ya mchezo, na kihesabu fremu ni ile nambari ndogo inayokaa kwenye kona ya skrini ikikuambia hesabu hiyo papo hapo. Nilikuwa nimeziona nambari hizo kwenye video za watu na kudhani ni mapambo ya wenye mashine ghali. Sasa nimeishi nazo miezi minane, katika chumba cha ghorofani Mji wa Kale, Mombasa, na ninaandika haya kwa sababu yale zilizonifundisha ni tofauti kabisa na niliyoyatarajia.

Nilianza na kile kilichomo ndani ya Steam, programu ya kununulia na kufungulia michezo, kwa kuwa ndicho kilichokuwa karibu. Unafungua mipangilio, unakwenda sehemu inayohusu mambo ya ndani ya mchezo, unachagua kona unayoitaka, basi. Hakuna cha kupakua, na hata mchezo ambao hukuununua kwao unaweza kuuongeza kwenye orodha yako ukaufungulia humo, ingawa si yote inayokubali. Tarakimu ni ndogo na hupotea zikiangukia juu ya mawingu meupe, lakini kuna chaguo la kuzikoleza. Mwaka 2025 waliipanua zana hiyo, na sasa mtu anaweza kuchagua kuona nambari peke yake, au kuongeza hatua kwa hatua hadi matumizi ya prosesa, kadi ya grafiki na RAM. Kwa mtu anayetaka tu kujua kama mchezo unakwenda vizuri au la, sioni sababu ya kutafuta kingine.

Mimi nilikuwa nataka zaidi, kwa sababu jioni ile ya kwanza nambari ilisimama kwenye 60, ikakaa hapo kwa dakika saba hivi, kisha ikaporomoka hadi 38 na kubaki ikichezacheza hapo. Nilijua mgonjwa ana homa, lakini sikujua homa inatoka wapi.

Hapo ndipo nilipoijia MSI Afterburner, programu ya kupima na kurekebisha kadi ya grafiki, pamoja na mwenzake, RivaTuner Statistics Server, programu ya Alexey Nicolaychuk ambayo ndiyo hasa inayoandika maandishi juu ya mchezo. Zote mbili ni za bure, na licha ya jina la MSI zinafanya kazi na kadi za kampuni nyingine pia. Tahadhari moja kabla sijaendelea: mara ya kwanza nilibonyeza tu ukurasa uliotokea juu kwenye matokeo ya utafutaji, nikapakua faili ambalo kinga ya virusi ililipigia kelele kabla halijafunguka. Baadaye nikasoma kwamba MSI wenyewe walitoa onyo mwaka 2021 kuhusu tovuti bandia inayojifanya yao. Ipakue kutoka kwa MSI wenyewe au tovuti ya Guru3D, usiwe na haraka kama yangu.

Kuiandaa kunachosha. Orodha ya vitu vinavyoweza kupimwa ni ndefu, na kila kimoja lazima ukiwekee alama mwenyewe ili kionekane ndani ya mchezo. Usipofanya hivyo, unaweza kuhangaika nusu saa ukidhani programu imeharibika, kumbe inapima kila kitu kimyakimya na haijaambiwa ionyeshe. Nilichagua fremu kwa sekunde, joto la kadi, joto la prosesa, kasi ya prosesa, RAM inayotumika, na grafu ya muda wa kila fremu. Mistari sita tu. Mpwa wangu alitaka kumi na minane, mpaka nusu ya skrini ikawa kama ubao wa mnada, tukaiondoa.

Ilikuwa msimu wa kaskazi bado, dirisha wazi, feni ya meza ikinisukumia hewa ya moto, na mimi nimevua shati. Nikaendesha gari lilelile katika barabara ileile, safari hii macho yangu yakiwa kwenye mistari sita. Joto la prosesa lilianza kwenye 70, likapita 85, likapita 90. Dakika ya saba likagusa 97, na papo hapo mstari wa kasi, uliokuwa karibu na gigahezi 3.9, ukashuka hadi 2.1 kama mtu aliyetua mzigo. Nambari ya fremu ikaufuata: 60, 52, 44, 38. Prosesa za aina hii zina kikomo chao cha joto, nayo yangu ni nyuzi 100. Zikikikaribia hujipunguzia kasi zisiungue. Kwa hiyo mashine haikuwa dhaifu. Ilikuwa inajiokoa.

Niliipeleka kwa fundi mmoja Mwembe Tayari, mzee mtaratibu ambaye hakuulizia dalili yoyote. Aliigeuza, akatazama vichwa vya skrubu, akasema, "Mashine hii yakaa Mji wa Kale, sivyo?" Nilipomuuliza amejuaje, akanionyesha kutu iliyoanza kuingia kwenye skrubu mbili za upande wa feni. "Chumvi, kijana. Hewa ya bahari haina rafiki." Ndani, mapezi ya kupoza yalikuwa yamezibwa na vumbi lililogandamana hadi likawa kipande kimoja, ukikivuta chatoka kizima kama sufi ya mto, na ile pesti inayokaa kati ya prosesa na chuma cha kupozea ilikuwa imekauka ikawa ngozi ya chaki. Alisafisha, akapaka pesti mpya, akanitoza shilingi 1,500. Usiku ule joto halikupita 84, na nambari ilikaa 60 kwa saa nzima. Bila ile mistari sita ningekuwa tayari nimeshapunguza ubora wa picha hadi mchezo ufanane na katuni, au nimeiuza laptopu kwa hasara.

Lakini mkwamo haukuisha wote. Kila baada ya muda, hasa nilipoingia mtaa mpya kwa kasi, mchezo ulikwama kidogo, huku nambari pembeni ikiniambia 57, 58, hali njema. Hili ndilo lililonichukua muda mrefu zaidi kulielewa, na ndilo ninaloona watu wengi wanalikosa. Nambari ya fremu kwa sekunde ni wastani, na wastani huficha. Chukua sekunde moja: fremu moja ikwame kwa milisekunde 200, kisha zilizobaki 800 zigawanywe kwa fremu za milisekunde 16 kila moja. Utapata fremu 51 katika sekunde hiyo. Kihesabu kitaandika 51, nawe utaona si mbaya, ilhali jicho lako limeshuhudia picha ikiganda kwa moja ya tano ya sekunde. Fremu 60 kwa sekunde zikipangika sawasawa, kila moja huchukua milisekunde 16.7, zikiwa 30, milisekunde 33.3. Mpangilio huo ndio ulaini ambao mchezaji huuhisi mkononi, na nambari peke yake haiuonyeshi.

Grafu ya muda wa fremu huuonyesha. Mchezo ukienda vizuri ni uzi ulionyooka. Ukikwama, uzi unachomoza mwiba. Nilipotazama miiba ile na kuilinganisha na mstari wa RAM, niliona yote inaota wakati RAM imejaa hadi ukingoni, kwa sababu GB 8 zangu, tena katika kipande kimoja, zilikuwa zinagawanywa kati ya Windows, kivinjari nilichosahau kukifunga na mchezo wenyewe. Nikaongeza kipande cha pili cha GB 8. Afterburner ina vitufe vya kuanza na kumaliza kurekodi, na mwishoni huandika faili lenye wastani pamoja na kile kiwango cha asilimia moja ya fremu mbaya zaidi, ambacho kwa maoni yangu ndicho kipimo cha kweli. Katika njia ileile ya majaribio, wastani ulipanda kutoka 57 hadi 60, jambo ambalo hata usingelitambua, lakini kile cha asilimia moja kiliruka kutoka 31 hadi 47. Gari halikusitasita tena.

Wapo wanaouliza kama kihesabu chenyewe hakiipunguzii mashine nguvu. GTA V ina jaribio lake la ndani linaloandika matokeo kwenye faili, kwa hiyo nililiendesha mara tatu kukiwa na RivaTuner na mara tatu bila. Tofauti haikufika fremu moja. Tahadhari ni kwamba RivaTuner hujiingiza ndani ya uchoraji wa mchezo, na baadhi ya mifumo ya kuzuia udanganyifu katika michezo ya mtandaoni haipendi mgeni wa namna hiyo. Kwenye michezo hiyo mimi hutumia kihesabu cha mchezo wenyewe, kwa kuwa mingi inacho. Minecraft ya toleo la Java hukuonyesha ukibonyeza F3.

Jambo moja lilinichekesha. Usiku mmoja stima ilikatika katikati ya mchezo, laptopu ikahamia kwenye betri, na nambari ikashuka hadi 30 kamili, si 29 wala 31. Nambari iliyonyooka hivyo huwa si ya udhaifu, ni ya amri. Nilipochunguza mipangilio ya draiva, ile programu inayoendesha kadi ya grafiki, nikakuta kikomo cha fremu 30 kilichowekwa makusudi ili betri idumu. Nilikiacha palepale.

Kuhusu kikomo, RivaTuner ina uwezo wa kukiweka, nami siku hizi naona huo ni wa thamani kuliko kuhesabu kwenyewe. Baadhi ya michezo, ukiwa kwenye menyu tu ukichagua jezi, hupandisha fremu hadi mamia na feni ikavuma kama jenereta, na yote hayo skrini ya hezi 60 haiwezi kuyaonyesha. Nimefunga kila kitu kwenye 60, na chumba kimepoa.

Vihesabu vingine nilivijaribu kwa siku chache chache. Cha Windows hutokea kwa kubonyeza kitufe cha Windows na G, na kinatosha kwa dharura. Cha programu ya NVIDIA, kwa Alt na R, ni nadhifu na hakina usumbufu wa kuandaa. Fraps, mzee wao mwenye tarakimu za manjano, haijapata toleo jipya tangu mwaka 2013, na nisingemshauri mtu aanze nayo leo. CapFrameX ni ya wale wanaotaka kuchambua rekodi zao kwa kina.

Kuna mtego mpya wa kuangalia. Tangu zije teknolojia za DLSS 3 ya NVIDIA mwaka 2022 na FSR 3 ya AMD iliyoifuata, michezo mingi inaweza kubuni fremu za katikati na kuzichomeka baina ya zile zilizochorwa kweli. Niliwasha FSR ya aina hiyo katika mchezo mmoja, nambari ikapanda hadi 70, lakini kipanya kilibaki kizito kama cha 35, kwa sababu fremu iliyobuniwa haisikii kidole chako. Zana mpya ya Steam hutenganisha fremu hizo na zile halisi, na ningependa kila kihesabu kifanye hivyo.

Lawama yangu kubwa ni juu yangu mwenyewe. Kwa karibu mwezi mzima sikucheza mchezo wowote, nilicheza nambari. Jua likizama juu ya bahari ya kwenye skrini, mimi natazama kona, 60, 60, 59, moyo unashtuka, nasimamisha gari kutafuta ile moja iliyopotea. Nilipewa ujumbe muhimu na mhusika wa mchezo na sikuusikia. Mwishowe niliweka kitufe kimoja cha kuwasha na kuzima maandishi yote, na tangu hapo yanakaa yamezimwa.

Mpwa wangu alipokuja likizo ya Agosti alishika kidhibiti, akatazama kona iliyo tupu. "Mjomba, nambari iko wapi?" Nikamwambia iko, imelala. Akabonyeza kitufe, akaisoma, akabonyeza tena, akaendelea kuendesha.