Kiraka cha skrini pana cha Need for Speed: Most Wanted (2005): kinazifaa kompyuta za mtumba za Dodoma?

Kiraka hiki, yaani nyongeza ndogo inayorekebisha gemu la zamani, ni cha bure, kinakula megabaiti chache tu za bando, na kinamaliza tatizo ambalo wachezaji wengi wa Most Wanted, gemu la mbio za magari, wamelizoea mpaka wanadhani ndivyo gemu lilivyotengenezwa: magari yametanuka kuliko kawaida, duara la ramani limegeuka yai, na maandishi ya menyu yamevutwa pembeni. Aliyekitengeneza anajulikana kwa jina la ThirteenAG, na kinapatikana GitHub, tovuti ya kuhifadhi programu, kwenye mkusanyiko wake wa viraka vya skrini pana, pamoja na viraka vya gemu nyingine za miaka ile. Hapa tunakipima kwa mchezaji wa Dodoma, ambaye mara nyingi anatumia desktopu ya mtumba isiyo na kadi ya picha ya pembeni, yenye picha za Intel zilizomo ndani ya prosesa, na monita ya 1366x768, 1600x900 au 1920x1080.

Gemu lenyewe lilitoka Novemba 2005, wakati monita nyingi zilikuwa za uwiano wa 4:3 (upana kwa urefu). Ndiyo maana ukiingia kwenye mipangilio unakuta rezolusheni (idadi ya nukta za picha kwa upana na urefu) kama 640x480, 800x600, 1024x768 na 1280x1024, na hakuna hata moja inayolingana na skrini pana ya leo. Ukichagua 1024x768 kwenye monita ya 1366x768, idadi ya mistari ya wima ni ileile, lakini picha inavutwa kwa upana hadi ijaze skrini, kwa hiyo kila kitu kinatanuka kwa theluthi moja. Wengine wanachagua 1280x1024 kwa sababu ndiyo namba kubwa zaidi wanayoiona, wakitegemea picha itakuwa nzuri zaidi. Kwenye monita ya 1920x1080 hapo wamejiongezea tatizo, kwa sababu 1280x1024 si 4:3 bali ni 5:4, na mvuto wake unafika kama asilimia 42. Kama umebanwa kabisa na menyu ya gemu, 1024x768 inaharibu umbo kidogo kuliko 1280x1024.

Hapo ndipo kiraka kinapojitofautisha na mbinu za kulazimisha namba mpya kwenye rejista ya Windows, ghala la mipangilio ya mfumo. Rezolusheni ni sehemu moja tu ya kazi. Gemu linahitaji pia kuambiwa kamera ione upana gani, na ramani, geji ya mwendo na menyu vichorwe kwa uwiano upi. Kiraka kinagusa vyote vitatu. Kamera inafunguka kushoto na kulia bila kukata juu wala chini, kwa hiyo unaona barabara zaidi, na gari la polisi linalokuja ubavuni unaliona mapema. Duara la ramani chini kushoto linarudi kuwa duara. Geji chini kulia inasomeka. Kwa gemu ambalo nusu yake ni kukimbizwa na polisi, upana huo una faida ya kweli katika uchezaji.

Kabla ya kupakua chochote, hakikisha Windows yenyewe inaijua skrini yako. Hili tunalisisitiza kwa sababu kompyuta nyingi za mtumba zinauzwa zikiwa zimepigwa Windows mpya bila draiva ya picha, programu inayoiunganisha Windows na kifaa cha picha. Fungua Device Manager, nenda kwenye Display adapters. Ukikuta imeandikwa Microsoft Basic Display Adapter, draiva haipo, na hata dawati la Windows pengine limekwama kwenye 1024x768. Kiraka kinasoma rezolusheni ya dawati na kuitumia. Dawati likiwa limekosea, nacho kitakosea vilevile, kisha utakilaumu bure. Pata draiva kwa Windows Update au kwenye tovuti ya mtengenezaji wa kompyuta kwa kutumia namba ya modeli iliyobandikwa kwenye kava.

Chanzo kingine cha kosa hilohilo ni waya. Monita inaipelekea kompyuta taarifa za rezolusheni inazozikubali kupitia waya huohuo wa picha. Waya wa VGA uliochoka, wenye pini iliyokatika, au adapta ya bei rahisi ya kutoka VGA kwenda HDMI, inaweza isipitishe taarifa hizo, na Windows ikabaki kukisia. Dalili yake ni kwamba draiva ipo sawa lakini 1366x768 au 1600x900 haionekani kwenye orodha. Badilisha waya kwanza. Ni jambo dogo, lakini mafundi wengi wanalifikia mwisho.

Sasa kiraka chenyewe. Kinakubali toleo la 1.3 la Kiingereza tu. Bofya speed.exe kwa kitufe cha kulia, ingia Properties, usome ukubwa: lazima uwe baiti 6,029,312. Ukubwa ukiwa tofauti, gemu likifunguka litatoa ujumbe kwamba faili hilo halikubaliki, na ujumbe huo unakutajia ukubwa unaotakiwa. Mwenye diski halisi ya toleo la zamani zaidi anatakiwa kuweka kwanza sasisho rasmi la 1.3, kisha asome ukubwa upya. Nakala inayozunguka kwenye flashi ikiwa na speed.exe ya ukubwa mwingine, kiraka kitagoma. Hilo si kosa lake.

Nakili pia folda ya NFS Most Wanted iliyopo ndani ya Documents na uiweke mahali salama. Humo ndimo maendeleo yako yanapohifadhiwa. Kiraka hakiyagusi, lakini aliyekwisha kupanda karibu na kilele cha Blacklist, orodha ya wapinzani ndani ya gemu, hana sababu ya kubahatisha.

Ukifungua zipu utakuta faili la dinput8.dll na folda ya scripts. Vyote vinakwenda palepale ilipo speed.exe. Kosa linalojirudia sana ni kunakili folda nzima ya zipu, scripts ikajikuta ndani ya folda nyingine, na gemu likafunguka kama halijawekewa kitu. Kazi ya dinput8.dll ni kupakia kilichomo ndani ya scripts kila gemu linapowaka, kwa hiyo njia lazima iwe fupi: speed.exe, dinput8.dll na scripts zikae kwenye folda moja, zikionana.

Kuhusu mahali pa kuweka gemu, epuka Program Files. Windows inalinda folda hiyo, kwa hiyo ukijaribu kuhariri mipangilio kwa Notepad utaambiwa huna ruhusa. Tengeneza folda kama C:\Michezo au tumia diski ya D, na usumbufu huo unaisha.

Ndani ya scripts kuna faili la NFSMostWanted.WidescreenFix.ini. Lifungue kwa Notepad. Mistari inayokuhusu zaidi ni hii:

ResX = 0
ResY = 0
FixHUD = 1
FixFOV = 1

Sifuri mbili za juu zina maana kwamba kiraka kichukue rezolusheni ya dawati, na kwa watu wengi ziachwe hivyohivyo. Ukitaka kupunguza mzigo, andika namba zako mwenyewe, lakini zichague zenye uwiano wa skrini yako: kwenye monita ya 16:9 andika 1280 na 720, usiandike 1024 na 768. FixHUD inashughulikia ramani na geji, FixFOV inashughulikia kamera. Kuna pia SkipIntro, ambayo ukiiweka 1 inaruka filamu za mwanzo, na WindowedMode kwa anayetaka gemu likae kwenye dirisha. Unapohifadhi, angalia jina lisije likawa .ini.txt, kwa sababu kiraka hakitalisoma.

Mzigo kwa kompyuta ni kitu cha kuhesabu. Picha ya 1024x768 ina pikseli 786,432. Ya 1366x768 ina 1,049,088, yaani theluthi moja zaidi, na picha za Intel za prosesa za i3 na i5 za miaka ya 2012 na kuendelea zinaimudu kwa gemu la umri huu, ukipunguza kidogo vivuli na viakisi. Ya 1920x1080 ni 2,073,600, karibu mara mbili ya 1366x768. Hapo mashine yenye picha za ndani tu inaweza kuanza kukatakata ukifika mjini kukiwa na polisi wengi. Suluhisho si kurudi 1024x768. Andika 1600 na 900, au 1280 na 720, umbo linabaki sahihi na mzigo unashuka.

Na kuna tatizo ambalo wakazi wa Dodoma wanalipata kuliko wa sehemu nyingi: gemu linakwenda vizuri mwanzoni, kisha baada ya muda linaanza kuzubaa. Hilo halitokani na kiraka. Kiangazi chetu ni kirefu, upepo na vumbi ni vya kila siku, na feni ya kompyuta iliyokaa sakafuni hostelini inaziba haraka. Prosesa ikipata joto inapunguza mwendo yenyewe ili isiungue. Zima, chomoa umeme, fungua kava, zuia feni kwa kidole isizunguke, kisha pulizia vumbi litoke kwenye mapezi ya chuma yaliyo chini yake. Inyanyue kompyuta juu ya meza.

Kwenye leptopu kuna hitilafu nyingine, hasa za inchi 15 zenye 1920x1080. Windows inakuza maandishi kwa asilimia 125 au 150, na gemu la zamani halielewi ukuzaji huo: picha inatokeza nje ya skrini, au kielekezi cha mausi hakifiki kwenye vitufe. Bofya speed.exe kwa kitufe cha kulia, Properties, Compatibility, Change high DPI settings, uweke alama kwenye Override na uchague Application. Kazi imeisha, huna haja ya kubadilisha ukuzaji wa kompyuta nzima.

Antivairasi inaweza kulinyakua dinput8.dll, kwa kuwa faili linalojipachika kwenye programu nyingine linafanana kitabia na virusi. Dalili ni kwamba jana kiraka kilifanya kazi, leo faili halipo. Likiwa ulilipakua kutoka kwa ThirteenAG mwenyewe, lirudishe kupitia Protection history ya Windows na uiruhusu folda hiyo moja. Usizime ulinzi wote. Kwa jinsi flashi zinavyopita mkono kwa mkono kati ya hosteli na steshenari, kompyuta isiyo na ulinzi haitakaa salama muda mrefu.

Kasoro za kiraka zipo. Hakiongezi ubora wa filamu fupi za ndani ya gemu, kwa hiyo kwenye skrini kubwa zitaonekana zimefifia. Hakipandishi ubora wa rangi za barabara na majengo. Na kutokubali toleo jingine zaidi ya 1.3 kunawaacha nje watu wengi, ingawa sababu inaeleweka: kiraka kinabadilisha maeneo mahususi ndani ya kumbukumbu ya programu, na toleo jingine lina maeneo tofauti.

Utasikia pia watu wakishauri DXVK. Programu hiyo inageuza amri za picha za gemu ziende kwenye Vulkan, mfumo wa picha wa kisasa zaidi, na picha za Intel za prosesa za kizazi cha tatu na cha nne hazina draiva ya Vulkan upande wa Windows. Kwa desktopu nyingi za mtumba ushauri huo haufai. dgVoodoo2, programu nyingine ya aina hiyo, ni nzuri kwa gemu za zamani zaidi, zile za DirectX 8 kurudi nyuma zinazogoma kuwaka kwenye Windows 10, lakini yenyewe hairekebishi kamera wala ramani ya Most Wanted.

Aliyekataliwa na kiraka kwa sababu ya toleo bado ana njia ya kupata umbo sahihi, ingawa si skrini nzima. Kwenye programu ya mipangilio ya Intel, sehemu ya Display, chagua Maintain Aspect Ratio. Chaguo hilo huwa linajificha dawati likiwa kwenye rezolusheni yake ya asili, kwa hiyo lishushe kwanza hadi 1024x768, chagua, kubali, kisha lirudishe. Gemu la 1024x768 litakaa katikati, likiwa na nafasi nyeusi kushoto na kulia, na magari yatakuwa na umbo lake. Mwenye monita ya zamani ya inchi 17 ya 1280x1024, ambazo bado zinauzwa mtumba, hahitaji chochote kati ya haya: achague 1280x1024 kwenye menyu na aendelee kucheza.